Abdulwahid Sykes: Kumbukumbu za Nyumba na Historia ya Taifa

Abdulwahid Kleist Sykes (1924–1968) alikuwa mmoja wa waasisi 17 wa chama cha TANU. Kabla ya hapo alikuwa katibu, kisha kaimu rais, wa Tanganyika African Association (TAA), chama kilichoizaa TANU. Kadi yake ya uanachama ilikuwa namba 3. Hata hivyo, kwa miaka mingi jina lake halikusikika sana darasani wala kwenye hotuba za sherehe za uhuru. Lilibaki vinywani mwa wazee wa Kariakoo na Gerezani, na katika karatasi ambazo familia yake ilizifungia makabatini. Waswahili husema mali bila daftari hupotea bila habari. Habari za Abdulwahid hazikupotea kwa sababu nyumba yao ilikuwa na daftari, na daftari hilo lilianza kuandikwa kabla hajawa mtu mzima.

Askari wa Pangani

Asili ya ukoo wa Sykes ni Mzulu mmoja aliyeitwa Sykes Mbuwane, kutoka sehemu za Inhambane, Msumbiji. Mwaka 1889 Hermann von Wissmann alitumwa na serikali ya Ujerumani kuyazima mapambano ya watu wa pwani yaliyoongozwa na Abushiri bin Salim. Wissmann hakuwa na askari wa kutosha, akaajiri Wanubi kutoka Misri, na kutoka Msumbiji akachukua vijana wa Kizulu na Kishangaan. Mbuwane alikuwa mmoja wao. Abushiri alikamatwa na kunyongwa Pangani Desemba 1889, lakini askari wale hawakurudi kwao. Walioa, wakasilimu, wakajukuu, na watoto wao wakawa wenyeji wa miji ya pwani.

Hapa ndipo kumbukumbu za familia zinapoanza kutoa sura ambayo historia ya vitabuni haikuwa nayo. Babu aliingia nchini kama askari wa kukodiwa, akiwasaidia wakoloni kuwatiisha wenyeji. Mjukuu wake alikuja kuwa miongoni mwa watu waliouondoa ukoloni. Familia haikulificha jambo hilo. Ililisimulia kama lilivyokuwa, pamoja na habari kwamba Mbuwane alikufa maji katika mto Ruaha wakati wa kurudi kutoka vita vya Uhehe dhidi ya Mkwawa.

Mwanawe, Kleist, alizaliwa Pangani mwaka 1894 na kubaki yatima angali mdogo. Alilelewa na Effendi Plantan, askari mwenza wa marehemu baba yake aliyetoka naye Msumbiji. Kwa hiyo watoto wa Plantan na watoto wa Sykes walikua kama ndugu, na majina ya nyumba hizo mbili yataonekana pamoja katika siasa za Dar es Salaam kwa zaidi ya nusu karne. Kleist alisoma Kijerumani, akajifunza kazi za ofisini, na katika Vita Kuu ya Kwanza alipigana katika jeshi la von Lettow-Vorbeck. Vita vilipokwisha na Tanganyika ikawa chini ya Waingereza, alipata kazi ya ukarani katika shirika la reli.

Kleist na African Association

Mwaka 1924 Dar es Salaam ilipata mgeni mashuhuri. Huyu alikuwa Dk. James Aggrey, msomi kutoka Gold Coast, aliyefika Afrika Mashariki pamoja na tume ya elimu ya Phelps-Stokes. Katika maandishi aliyoyaacha, Kleist aliyahesabu mazungumzo yake na Aggrey kuwa chanzo cha fikra ya kuwaunganisha Waafrika chini ya chama kimoja. Mwaka 1929 chama hicho kiliundwa, kikaitwa African Association. Rais wa kwanza alikuwa Cecil Matola, na Kleist Sykes akawa katibu. Miongoni mwa wenzao walikuwamo Mzee bin Sudi, Ibrahim Hamisi, Zibe Kidasi na Ali Said Mpima.

Orodha hiyo ya majina inaonyesha jinsi mji ulivyokuwa. Wakristo na Waislamu, watu wa bara na watu wa pwani, makarani, walimu na wafanyabiashara, wote walikaa baraza moja. Ofisi ya chama ilijengwa New Street, mtaa ambao baada ya uhuru uliitwa Lumumba, na wanachama wenyewe ndio waliochanga na kushiriki katika ujenzi. Mwaka 1933 Kleist alishiriki pia kuunda Al Jamiatul Islamiyya fi Tanganyika, jumuiya iliyojenga shule ya watoto wa Kiislamu mjini. Nyumbani kwake Mtaa wa Kipata, Gerezani, watoto wake walikua wakiona watu wanaingia na kutoka, barua zinapigwa taipu, na vikao vinavunjwa usiku.

Kleist alikuwa na tabia ambayo wanaume wachache wa rika lake walikuwa nayo: aliandika. Kabla hajafariki mwaka 1949 alikuwa ameandika habari za maisha yake, tangu asili ya baba yake hadi kuundwa kwa chama. Mswada huo haukuchapwa. Ulibaki nyumbani pamoja na barua na picha.

Burma, bandari na chama

Abdulwahid alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1924, akiwa mkubwa kwa wadogo zake Ally na Abbas. Alisoma shule ya Al Jamiatul Islamiyya, kisha shule ya serikali ya Kitchwele. Vita Kuu ya Pili vilipopamba moto aliingia katika King's African Rifles, na Ally naye akaingia. Ndugu hao wawili walipelekwa Burma, walikokuwa maelfu ya askari wa Afrika Mashariki wakipigana na Wajapani katika misitu na mvua za masika ya Asia.

Vita viliwafunza vijana wa Tanganyika mambo mengi ambayo hayakukusudiwa na waliowapeleka. Waliona India ikidai uhuru, na Mzungu akishindwa vita na watu wasio Wazungu. Tena walilinganisha mshahara wao na wa wenzao weupe waliolala nao handaki moja. Katika kumbukumbu za familia ya Sykes kuna usiku mmoja unaotajwa kila mara, nao ni mkesha wa Krismasi mwaka 1945, katika kambi karibu na Bombay, wakati askari wakingoja meli ya kurudi nyumbani. Usiku ule, kwa masimulizi hayo, askari wa Tanganyika walizungumza kuhusu kuunda chama cha siasa wakifika kwao, na Abdulwahid aliandika jambo hilo katika kitabu chake cha kumbukumbu.

Aliporudi alikuta mji umebadilika. Septemba 1947 makuli wa bandari ya Dar es Salaam waligoma, na mgomo ukaenea kwa njia ya reli hadi miji ya bara. Makuli walitambua nguvu yao, wakaunda chama cha wafanyakazi, na mwaka 1948 Abdulwahid akawa katibu wao. Alikuwa kijana wa miaka 24 hivi, mwenye kisomo, aliyejua Kiingereza cha ofisini na Kiswahili cha vijiweni. Kwa sababu hiyo aliweza kusimama kati ya makuli na mabwana wa kampuni za meli. Hakudumu sana katika kazi hiyo, lakini bandari ilimfunza jambo ambalo wazee wa chama walikuwa hawajalijaribu: kudai haki kwa kuwakusanya watu wengi wasio na kisomo.

African Association nayo ilikuwa imebadilika. Mwaka 1948 ilijiita Tanganyika African Association, ikijitenga na tawi la Zanzibar. Uongozi wa makao makuu ulikuwa mikononi mwa wazee, akiwamo Thomas Plantan, na vijana waliotoka vitani na Makerere walianza kulalamika kwamba chama kimelala. Mwaka 1950 vijana walishika uongozi. Dk. Vedasto Kyaruzi akawa rais, na Abdulwahid Sykes akawa katibu. Hivyo mtoto alikalia kiti kilekile alichokalia baba yake miaka 21 nyuma.

Kamati ya siasa ya mwaka 1950

Wakati huo Gavana Edward Twining alikuwa ameunda kamati ya kutazama katiba ya Tanganyika na kuuliza maoni ya watu. TAA iliunda kamati ndogo ya siasa. Waliokuwamo ni pamoja na Dk. Kyaruzi, Abdulwahid Sykes, Hamza Mwapachu, Stephen Mhando, John Rupia, Sheikh Said Chaurembo na Sheikh Hassan bin Ameir, mwanachuoni mkubwa mwenye asili ya Zanzibar. Daktari, katibu, mfanyabiashara na masheikh walikaa pamoja wakaandika mapendekezo kuhusu uwakilishi wa Waafrika katika Baraza la Kutunga Sheria na kuhusu njia ya kuelekea kujitawala.

Serikali haikufuata njia hiyo. Ilichagua usawa wa viti baina ya Wazungu, Waasia na Waafrika, ingawa Waafrika walikuwa mamilioni na wengine maelfu tu. Lakini waraka wa TAA una uzito wake katika historia, kwa kuwa unajibu usemi uliozoeleka baadaye kwamba kabla ya mwaka 1953 TAA ilikuwa chama cha starehe na maslahi, kisicho na siasa. Chama kinachomwandikia gavana kuhusu katiba si chama cha chai na ngoma pekee.

Serikali ilijibu pia kwa uhamisho. Dk. Kyaruzi, aliyekuwa mtumishi wa serikali, aliondolewa Dar es Salaam, na Mwapachu akapelekwa mbali, hadi Nansio katika kisiwa cha Ukerewe. Abdulwahid akabaki anashika nafasi mbili, kaimu rais na katibu. Ndiye aliyekuwa makao makuu wakati wa mgogoro wa ardhi wa Wameru, waliofukuzwa Engare Nanyuki mwaka 1951 ili mashamba yao wapewe walowezi. Mwaka 1952 Japhet Kirilo alilipeleka shauri hilo Umoja wa Mataifa, New York. Kwa mara ya kwanza chozi la mkulima wa kaskazini lilikuwa habari ya nchi nzima, na TAA ikaona faida ya kuwa na chama chenye matawi kila pembe.

Kutafuta kiongozi

Kumbukumbu za familia na za marafiki zinakubaliana katika jambo moja: Abdulwahid hakudhani kwamba yeye ndiye lazima awe kiongozi wa chama kipya. Kwa masimulizi hayo, kwanza alimwendea Chifu David Kidaha Makwaia wa Usukuma, ambaye pamoja na Chifu Abdiel Shangali alikuwa miongoni mwa Waafrika wawili wa kwanza kuingia Baraza la Kutunga Sheria mwaka 1945. Kidaha alikuwa na elimu, heshima na jina. Hakukubali kuacha nafasi yake serikalini.

Oktoba 1952 Julius Kambarage Nyerere alirudi kutoka Chuo Kikuu cha Edinburgh na kuanza kufundisha shule ya St. Francis, Pugu, maili chache nje ya mji. Joseph Kasella Bantu ndiye aliyempeleka nyumbani kwa Abdulwahid. Nyerere alikuwa na miaka 30, hajulikani mjini, na hakuwa na ndugu huko. Mwenyeji wake alikuwa na miaka 28, mtoto wa mji, na alikuwa msimamizi wa soko la Kariakoo, ambaye watu walimwita kwa cheo cha Kiingereza, Market Master. Siku zisizo za shule Nyerere alishuka kutoka Pugu, na mazungumzo yalianzia sokoni na kuishia barazani kwa Abdulwahid, pamoja na Ally, Dossa Aziz na wengine.

Kabla ya uchaguzi wa rais wa TAA, inasimuliwa, Abdulwahid na Ali Mwinyi Tambwe walisafiri hadi Nansio kumtaka ushauri Hamza Mwapachu. Mwapachu aliwajua Abdulwahid na Nyerere, naye aliunga mkono Nyerere apewe uongozi. Safari hiyo ya reli na meli, kutoka pwani hadi kisiwani katika Ziwa Victoria, ni moja ya habari ambazo mtu hazipati katika kumbukumbu za chama. Zimebaki kwa sababu waliosafiri walizisimulia nyumbani kwao.

Uchaguzi ulifanyika tarehe 17 Aprili 1953 katika ukumbi wa Arnautoglo, Mnazi Mmoja. Walioshindania urais wa TAA walikuwa Nyerere na Abdulwahid mwenyewe. Waliokuwapo wamesimulia kwamba kura zilikaribiana. Nyerere alishinda, na Abdulwahid akawa makamu wake. Kwa hesabu ya kawaida ya siasa, aliyeshindwa angekuwa mpinzani. Hapa aliyeshindwa alibaki mwenyeji wa aliyeshinda.

Kadi, nyumba na soko

Mkutano wa kuunda TANU ulifanyika tarehe 7 Julai 1954 katika ofisi ya New Street, jengo lilelile la akina Kleist. Miongoni mwa wajumbe 17 walikuwamo Germano Pacha, Joseph Kimalando, Japhet Kirilo, Saadani Abdu Kandoro, Tewa Said Tewa, Patrick Kunambi, Kasella Bantu, John Rupia, Dossa Aziz na ndugu wawili, Abdulwahid na Ally Sykes. Nyerere akawa rais.

Chama kilihitaji kadi, na kadi zilihitaji fedha. Kumbukumbu za familia zinasema Ally Sykes ndiye aliyegharimia uchapaji wa kadi za mwanzo. Namba 1 ilikwenda kwa Nyerere, namba 2 kwa Ally, namba 3 kwa Abdulwahid, namba 4 kwa Dossa Aziz. Kadi hizo ndogo zimekuwa ushahidi mkubwa kuliko hotuba, kwa kuwa namba haibadiliki kwa kufuata msimulizi.

Sheria ya kazi ndiyo iliyowatofautisha waasisi hao. Serikali ilipiga marufuku watumishi wake kushiriki siasa, na wengi waliokuwa na mishahara walilazimika kujificha nyuma. Nyerere aliukata mzizi wa fitina Machi 1955. Aliporudi kutoka Umoja wa Mataifa, alikoueleza umma wa dunia madai ya Tanganyika, aliacha ualimu. Alibaki bila mshahara na bila nyumba, na kwa muda yeye na familia yake walipokewa nyumbani kwa Abdulwahid. Hapo ndipo mambo ya chama na mambo ya jikoni yalipochanganyika. Wageni wa chama walikula pale, wanawake wa nyumba wakapika, watoto wa nyumba mbili wakacheza ua mmoja. Maneno kama makao makuu na kamati kuu, yanaposomwa leo, huficha sufuria la wali lililowalisha wajumbe.

Sokoni Kariakoo kazi ilikuwa nyingine. Wachuuzi wa ndizi, samaki na kuni walitoka kila upande wa nchi, na habari za chama zilisafiri pamoja na mizigo yao. Soko lenyewe lilichukua jina lake kutoka kwa wapagazi wa Carrier Corps waliopiga kambi pale katika Vita vya Kwanza. Miaka 40 baadaye lilikuwa mahali ambapo vizazi vya askari na wapagazi vilikutana kununua kadi za TANU. Wanawake walivutwa chamani na Bibi Titi Mohamed, mwimbaji wa lelemama, aliyevigeuza vikundi vya ngoma kuwa matawi ya chama. Mmoja wa waliomwingiza katika kazi hiyo alikuwa Schneider Plantan, mtoto wa nyumba iliyomlea Kleist.

Kutoka mstari wa mbele hadi pembeni

Kuanzia mwaka 1955 jina la Abdulwahid linapungua katika habari za chama, na la Nyerere linakua. Sababu ya kwanza ni ya kawaida: mmoja alikuwa mwanasiasa wa saa zote, mwingine alikuwa mwajiriwa mwenye familia na ukoo wa kuuangalia. Sababu ya pili ni kwamba TANU ilikwisha kuwa kubwa kuliko mji ulioizaa. Nguvu yake ilitoka Usukuma kwenye vyama vya ushirika vya pamba, Kilimanjaro, Uhaya na Kusini. Wazee wa Dar es Salaam waliokuwa wenye chama wakawa tawi moja kati ya mengi.

Sababu ya tatu ni nzito zaidi. Kuelekea uhuru kulizuka wasiwasi kuhusu nafasi ya Waislamu, waliokuwa wengi katika uasisi lakini wachache katika elimu ya kikoloni, na hivyo wachache katika ofisi ambazo zingerithiwa. Mwaka 1958 Sheikh Suleiman Takadir, mzee aliyekuwa karibu na Nyerere, alitolewa katika TANU baada ya kulisema jambo hilo. Mwaka 1959 kikaundwa chama cha siasa cha Waislamu, AMNUT. Abdulwahid alikuwa na ndugu na marafiki pande zote, lakini hakuacha TANU. Uhuru ulipopatikana tarehe 9 Desemba 1961, hakuwamo katika baraza la mawaziri. Mdogo wake Abbas alishika utumishi wa serikali na baadaye akawa balozi.

Abdulwahid alifariki Dar es Salaam tarehe 12 Oktoba 1968, kabla hajafika umri wa miaka 45. Tanzania ilikuwa mwaka wa pili tangu Azimio la Arusha. Nchi ilikuwa ikitazama mbele, kwenye vijiji vya ujamaa na elimu ya kujitegemea, na habari za vikao vya mwaka 1950 zilionekana kuwa mambo ya wazee.

Daftari linafunguliwa

Wakati huohuo, katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, mwanahistoria John Iliffe alikuwa akiwahimiza wanafunzi wake kuandika habari za watu wa nchi yao kwa kutumia hati na masimulizi ya nyumbani kwao. Mmoja wa wanafunzi alikuwa Daisy Sykes, binti wa Abdulwahid. Aliuchukua mswada wa babu yake Kleist na kuandika makala juu ya maisha ya mtu huyo wa mjini. Ilichapwa mwaka 1973 katika kitabu cha Modern Tanzanians kilichohaririwa na Iliffe, kwa jina la Daisy Sykes Buruku. Kwa njia hiyo karatasi za Mtaa wa Kipata ziliingia katika maktaba za dunia. Kila msomi anayeandika juu ya kuzaliwa kwa African Association hupitia hapo.

Makala ile iliishia kwa Kleist. Habari za Abdulwahid zilingoja zaidi. Mwaka 1981 Chuo cha Kivukoni kilitoa historia ya TANU kwa ajili ya mafunzo ya chama. Wakosoaji wake, wa kwanza wao mwandishi Mohamed Said wa Dar es Salaam, walisema kitabu kile kilianza hadithi na Nyerere na kuwapa waliomtangulia nafasi ndogo mno. Mohamed Said aliwahoji Ally Sykes, Dossa Aziz na wazee wengine, akafunguliwa majalada ya familia, na mwaka 1998 alitoa London wasifu wa Abdulwahid kwa Kiingereza. Tafsiri ya Kiswahili ilifuata, ikasomwa sana na kubishaniwa sana.

Ubishi una pande mbili zinazofaa kuelezwa. Upande mmoja unasema kumbukumbu za familia zimerudisha ukweli ulioachwa, kwa kuwa TAA ilikuwa na siasa kabla ya Nyerere, Waislamu wa mjini walibeba mzigo mkubwa wa uasisi, na Nyerere alipokewa na watu waliokwisha kutayarisha njia. Upande wa pili unasema hadithi ya nyumba moja haiwezi kuwa hadithi ya nchi, kwamba mji wa Dar es Salaam haukuwa Tanganyika yote, na kwamba kutengeneza chama cha umma kutoka katika TAA kulihitaji mtu wa aina ya Nyerere. Pande hizi hazigongani kila mahali. Waraka wa mwaka 1950 upo, na ushindi wa mwaka 1953 upo. Mtu anaweza kukubali kwamba nyumba ilijengwa na wengi, na kwamba fundi mmoja ndiye aliyeipandisha ghorofa.

Kumbukumbu za nyumbani zina udhaifu wake. Mtoto humkumbuka baba kwa mapenzi, mdogo humkumbuka kaka kwa heshima, na miaka 40 ya kusimulia huilainisha hadithi. Maneno yaliyosemwa kambini India usiku mmoja wa mwaka 1945 hayawezi kupimwa kama namba ya kadi inavyopimwa. Nguvu ya habari za akina Sykes ni kwamba masimulizi yao mengi yana karatasi pembeni: mswada wa Kleist, barua za TAA, kadi, picha zenye tarehe nyuma. Masimulizi yanapokosa karatasi, msomaji anajua anasikiliza familia. Yanapokuwa nayo, anajua anasoma historia. Nyumba nyingine za waasisi hazikuwa na bahati hiyo, na wengi kati ya wale 17 wa Julai 1954 wanajulikana leo kwa majina tu.

Serikali ilichukua hatua katika sherehe za miaka 50 ya uhuru, mwaka 2011, Rais Jakaya Kikwete alipowatunuku Abdulwahid na Ally Sykes nishani ya Mwenge wa Uhuru. Ally aliipokea angali hai, akafariki mwaka 2013. Abdulwahid alikuwa kaburini miaka 43. Mwanawe, aliyepewa jina la babu, Kleist Sykes, alikuwa amekwisha kuwa meya wa jiji la Dar es Salaam. Mtaa wa Kipata, alikoishi yule babu na kuandika mswada wake, nao ukaitwa Mtaa wa Kleist Sykes.